Je, mnyoo wa mahameli yupo kwenye misitu ya Rungwe, au nilichokiona ni jongoo tu?

#1 Mwana wa Rungwe
Habari za jioni, wanajukwaa. Jumamosi iliyopita, baada ya mvua ya usiku kucha, nilikuwa nyumbani Tukuyu nikihamisha shina la mgomba lililolala shambani tangu mwaka jana. Nilipoligeuza nilikuta kiumbe mwenye urefu wa kidole changu cha mwisho, rangi ya udongo mwekundu, mwili laini usiong'aa kabisa, mfano wa kitambaa cha yale makochi ya zamani ambayo ukipitisha kiganja upande mmoja yanabadilika rangi. Alikuwa na miguu mingi, mifupi, minene, isiyo na maungio, na mbele vipapasio viwili alivyokuwa akivikunja na kuvinyoosha. Nilipomgusa kwa kijiti, kijiti kilitoka na uzi mweupe unaonata, naye akazama kwenye maozo. Simu ilikuwa ndani kwenye chaji, kwa hiyo picha sina, na naomba nisitukanwe kwa hilo.

Usiku huo nilisoma habari za Oroperipatus tiputini, spishi ya mnyoo wa mahameli iliyotangazwa mwaka 2024 kutoka msitu wa Amazon nchini Ecuador, karibu na Yasuní, na iliyopewa jina la kituo cha utafiti cha Tiputini. Huko nako wanawapata kwenye majani yaliyoanguka na chini ya magogo yaliyooza. Maelezo ya mwili wake yalinisimamisha nywele, kwa sababu ni kama ya yule wangu. Swali langu ni moja: je, wanyama hawa wapo huku kwetu Nyanda za Juu Kusini?

#2 Tandu Kavaa Viatu
Mkuu, mgomba, mvua, giza na simu iko kwenye chaji. Hata jini huonekana katika mazingira hayo. Naweka mkeka nisubiri wataalamu.

#3 Mwalimu wa Maabara
Mwana wa Rungwe, umeeleza vizuri kuliko wanafunzi wangu wengi hapa Iringa, lakini maelezo yako yana mambo mawili yanayokubeba na moja linalokuangusha.

La kwanza linalokubeba ni ngozi. Mnyoo wa mahameli hana gamba gumu kama jongoo. Ngozi yake ya nje ni nyembamba mno, na juu yake kuna vinundu vidogo vingi vilivyopangwa kwa mistari, kila kinundu kikiwa na vijigamba, na vingi vikiwa na unywele mmoja wa kuhisia kileleni. Vinundu hivyo ndivyo vinavyoifanya ngozi ionekane kama mahameli na ndivyo vinavyofanya maji yateleze bila kulowesha. Waliomweleza yule wa Tiputini walitumia hadubini ya elektroni kuvipiga picha, maana kwa wanyama hawa umbo la kinundu ni mojawapo ya vitu vinavyotenganisha spishi moja na nyingine.

La pili ni miguu. Mguu wake ni kama kifuko kilichojaa majimaji, hauna goti wala maungio, na unasimama kwa msukumo wa majimaji hayo, jinsi puto linavyosimama kwa hewa. Mwishoni kuna kucha mbili ngumu. Akitembea mahali laini huzinyanyua na kukanyaga kwa visehemu laini vya chini ya mguu. Akifika penye ukwaruzo huzishusha zishike. Jina la faila yao (yaani kundi lao kubwa), Onikofora, maana yake ni wabeba kucha.

Linalokuangusha ni ule uzi. Mnyoo wa mahameli haachi uzi mmoja kwenye kijiti. Pembeni mwa mdomo ana vichomozo viwili, na kila kimoja kimeunganishwa na tezi ndefu inayorudi nyuma ndani ya mwili. Anapobana misuli, ute hutoka kwa kasi na unaweza kufika sentimita 30. Watafiti walipiga video ya mwendo wa polepole wakaonyesha, mwaka 2015, kwamba ncha za vichomozo hucheza kushoto na kulia mara 30 hadi 60 kwa sekunde, na si kwamba misuli inazichezesha: ute wenyewe ukipita kwa kasi kwenye tundu jembamba huifanya ncha irukeruke, kama mpira wa kumwagilia bustani ulioachwa chini huku bomba limefunguliwa. Matokeo yake ni wavu wa zigizaga juu ya mawindo. Kwa hiyo ungeona wavu mkononi mwako, ndugu yangu, si uzi kwenye kijiti.

#4 Chai ya Mufindi
Asante Mwalimu kwa somo. Naongeza kidogo. Hao wa Tiputini nimesoma kwamba wanafika sentimita 22, kwa hiyo cha urefu wa kidole hakiwezi kuwa jamaa yao. Tena mnyama huyu aligunduliwa hapa hapa Afrika, na Mwingereza Moseley, huko Cape Town.

#5 Mzee wa Isyesye
Chai ya Mufindi, umechanganya unga na mchanga.

Wa sentimita 22 ni mwingine, ni yule wa Costa Rica aliyepewa jina Peripatus solorzanoi mwaka 2010, na ndiye mkubwa kuliko wote wanaojulikana. Jike lake linaweza kuwa na jozi 41 za miguu ilhali dume lina 34. Jike refu la Tiputini lilipimwa takriban sentimita 6 na nusu, na madume ni mafupi zaidi, kwa hiyo kidole cha mwisho cha Mwana wa Rungwe kinaingia vizuri kwenye kipimo.

Moseley naye hakuwa wa kwanza. Wa kwanza kuandika habari za wanyama hawa ni mchungaji Lansdown Guilding, kwenye kisiwa cha St Vincent katika Karibi, mwaka 1826. Aliokota kiumbe akamwita koa mwenye miguu, akamweka kwenye kundi la konokono. Msimcheke, ukikuta kitu laini, chenye unyevu, chenye vipapasio na kinachotoa ute, utakiita nini? Alichofanya Moseley, meli ya utafiti ya Challenger ilipotia nanga Rasi ya Tumaini Jema, ni kumpasua. Mwaka 1874 akatangaza kwamba ndani yake kuna mirija ya hewa kama ya wadudu. Hapo ndipo ikafahamika kwamba huyu si koa wala si nyungunyungu, bali ni jamaa wa karibu wa athropoda, yaani wadudu, buibui, kaa na tandu.

#6 Muongoza Wageni
Salaam. Mimi hutembeza wageni Udzungwa, na swali hili huulizwa na wale wachache wanaopenda vitu vidogo kuliko tembo.

Jibu la vitabu ni kwamba Tanzania hakuna rekodi yoyote. Katika bara hili wanajulikana sehemu mbili: kusini kabisa, yaani Afrika Kusini na Eswatini, na magharibi kwenye misitu ya Gabon, ambako yupo Mesoperipatus tholloni aliyeelezwa mwaka 1898. Katikati yote hii ni ukimya.

Lakini ukimya wa vitabu naujua. Kima aitwaye kipunji, mnyama mwenye uzito wa mbwa na sauti ya kubweka, aliingia kwenye vitabu vya sayansi mwaka 2005, na alionekana na watafiti kwa mara ya kwanza mwaka 2003 palepale Rungwe. Kwale wa Udzungwa walimshtukia mwaka 1991 baada ya kuona miguu miwili ya ndege wasiyemjua ndani ya sufuria ya mchuzi. Kama kima na kwale walifichika, itakuwaje mnyama wa kidole kimoja anayetembea usiku chini ya majani?

#7 Mzee wa Isyesye
Muongoza Wageni, mfano wako wa kipunji unakugeukia. Kipunji hakufichika kwa Wanyakyusa. Wawindaji walikuwa na jina lake, na jina hilo ndilo wataalamu walilolichukua. Mimi nimekulia Rungwe, nimechimba udongo wa mizimu na wa mahindi kwa miaka zaidi ya sitini, nami sikumbuki jina la mdudu wa namna hii kwa Kinyakyusa. Asiye na jina hayupo.

#8 Mama Parachichi
Shikamoo, Mzee. Kwa heshima, watu hukipa jina kile wanachokila, kinachowala, au kinachoharibu shamba. Kwenye parachichi zangu hapa Njombe kuna vijidudu vya aina nyingi ambavyo sote tunaviita "wadudu" tu, na vipo, maana vinanitia hasara kila msimu.

Kuhusu uzi unaonata, nina kisa changu. Mwaka juzi niliona stoo mende mdogo amegandishwa sakafuni kwa nyuzi za zigizaga, kana kwamba kuna mtu amemtemea gundi. Nikaamini kabisa ni huyo mnyoo, nikamwita kijana wangu anayesoma kilimo. Tulikaa na tochi karibu saa nzima. Aliyetoka nyuma ya gunia alikuwa buibui mwenye kichwa kikubwa cha duara na miguu myembamba, anayetembea taratibu kama anayenyata. Kumbe wapo buibui wanaotema gundi yenye sumu kwa mawindo yao, na wanaishi majumbani. Kwa hiyo gundi peke yake si ushahidi.

#9 Kilolo Mpya
Namuunga mkono Mama Parachichi, na naongeza washukiwa wengine wawili. Wapo mchwa ambao askari wao wana kichwa kilichochongoka kama pipeta, na kwenye ncha hurusha ute unaonata kwa adui. Ukivunja kichuguu chao utawaona. Pili, wapo tandu wembamba wa udongoni, wale warefu kama kamba ya kiatu, ambao wakiguswa hutoa majimaji yanayonata kutoka upande wa tumbo. Mtu aliyeshtuka, kwenye maozo ya mgomba, anaweza kuona tandu wa aina hiyo akamvika mahameli kichwani mwake mwenyewe.

Mwana wa Rungwe, swali moja tu la msingi: mwili ulikuwa na pingili?

#10 Mwana wa Rungwe
Asanteni nyote. Kilolo Mpya, hapana, sikuona pingili kama za tandu. Niliona mistari midogo sana ya kuzunguka mwili, kama ya soksi, lakini haikulingana na miguu. Kati ya mguu na mguu kulikuwa na mistari kadhaa. Miguu sikuhesabu. Nikisema ilikuwa jozi 20 nitakuwa natunga.

Mwalimu, kuhusu wavu: niliona uzi kwenye kijiti baada ya kugusa. Sikusema uzi ulitoka wapi. Inawezekana alikuwa amekwisha kurusha kabla, wakati nageuza shina, nami nikazoa mabaki.

#11 Mwalimu wa Maabara
Hapo kwenye mistari ya soksi nakaa kimya kidogo, kwa sababu ndivyo walivyo. Kwa nje mwili wao haugawanyiki pingili. Mistari ni mingi kuliko miguu. Jongoo ana jozi mbili za miguu kwa pingili nyingi, tandu ana jozi moja, na kiwavi ana miguu sita ya kweli mbele na vile visiki vichache vya nyuma, halafu katikati pengo. Je, palikuwa na pengo katikati?

Na kuhusu mabaki, una hoja. Ute ule ni maji kwa takriban asilimia 90, na mengi ya yaliyobaki ni protini. Ukivutwa hugeuka nyuzi ngumu ndani ya muda mfupi. Mnyama huyu huula tena ute wake pamoja na mawindo, maana kutengeneza mwingine ni gharama na tezi huchukua wiki kadhaa kujaa upya. Kwa hiyo akirusha kwa hofu na kukimbia, amepata hasara ya kweli.

#12 Tandu Kavaa Viatu
Yaani anatema gundi halafu anailamba? Huyu angefaa kuwa fundi viatu pale stendi.

Lakini mimi pia nina nadharia, na msiidharau kwa sababu ya jina langu: siafu. Msitu wa Rungwe una siafu wa kumwondoa mtu kitandani. Mnyama laini asiye na gamba, mwendo wa taratibu, risasi mbili tu za gundi, atapona vipi?

#13 Muongoza Wageni
Gabon kuna siafu wa kutosha, na wanyama hao wapo.

#14 Chai ya Mufindi
Nimekubali kusahihishwa, asante Mzee. Sasa nirudi na hoja bora. Nafikiri sababu ni ukame wa kale. Mnyama huyu hupumua kwa vitundu vidogo vingi vilivyotawanyika mwilini, na tofauti na wadudu wengi, hawezi kuvifunga. Kwa hiyo hupoteza maji upesi sana, na ndiyo maana hutoka usiku au baada ya mvua. Misitu ya Kongo na misitu yetu ilitenganishwa na mkanda mkavu mamilioni ya miaka iliyopita, na katika mkanda huo mnyama wa namna hii hawezi kukatiza hata kilomita moja.

#15 Mama Parachichi
Kukatiza, hapana. Lakini kwa nini akatize? Tukuyu inapata zaidi ya milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na misitu ya Udzungwa imekuwa ikinyweshwa na unyevu wa Bahari ya Hindi tangu zamani sana. Kama babu zake walikuwepo kabla ya ukame, wangebaki kwenye vilele hivyo kama walivyobaki vinyonga na vyura ambao hawapatikani pengine popote. Ukame unaeleza kwa nini hawapo Dodoma. Haujaeleza kwa nini hawapo Udzungwa.

#16 Kilolo Mpya
Tutenganishe Rungwe na Udzungwa, maana historia zake si moja. Udzungwa ni milima ya miamba mikongwe. Rungwe ni volkano. Ule mlima ulilipuka vikubwa takriban miaka 4,000 iliyopita, ukafunika eneo kwa yale mawe mepesi yanayoelea majini ambayo mkichimba msingi wa nyumba mnayakuta. Kiejo nao ulitoa lava karibu mwaka 1800, yaani juzi. Mnyama anayeishi chini ya gogo moja maisha yake yote hafiki kwenye udongo mpya kwa haraka hiyo. Kama nikimtafuta, nitamtafuta Udzungwa, si kwa Mwana wa Rungwe.

#17 Mzee wa Isyesye
Kipunji alifika Rungwe, na vinyonga wamefika, nao hawana mabawa. Msitu wa Rungwe na ule wa safu ya Livingstone umeshikana kwa ushoroba wa Bujingijila, ingawa siku hizi umenyofolewa sana. Hata hivyo mimi bado nasema hayupo. Napinga tu sababu yako, si hitimisho lako.

#18 Mwalimu wa Maabara
Kuna jambo ambalo sote tumelipita. Wale wa Afrika Kusini na yule wa Gabon si ndugu wa tumbo moja. Wa kusini ni wa familia ya Peripatopsidae, pamoja na wale wa Chile, Australia na New Zealand. Yule wa Gabon ni wa Peripatidae, na jamaa zake wa karibu kabisa wako ng'ambo, Amerika ya tropiki, pamoja na huyo wa Tiputini. Waligawana wakati Afrika na Amerika ya Kusini zilipoachana, takriban miaka milioni 100 iliyopita. Kwa hiyo swali la "kwa nini hawapo katikati" ni maswali mawili: kwa nini wale wa kusini hawakupanda, na kwa nini yule wa magharibi hakusogea mashariki. Huenda kila moja lina jibu lake, na huenda hakuna aliyewahi kuwa huku hata kidogo.

Ndiyo maana picha moja nzuri ya mdomo ingetusaidia kuliko hoja zetu zote. Taya zao ziko ndani ya kinywa, jozi moja, kila taya ina mapanga mawili yanayofanana sana na kucha za miguuni, na hukata kwa kwenda mbele na nyuma, si kwa kubana kushoto na kulia kama za panzi. Kichwa kizima kimetengenezwa kwa viungo vilivyobadilishwa: jozi ya kwanza imekuwa vipapasio, ya pili taya, ya tatu vichomozo vya ute. Katika familia ya Peripatidae, panga la ndani la taya huwa na jino, kisha pengo, kisha safu ya vijino kama msumeno. Ningeona pengo hilo ningejua tunazungumza na ukoo gani.

#19 Tandu Kavaa Viatu
Halafu hiyo Oroperipatus, si nimeona "oro" ni mlima kwa Kigiriki? Mbona wa Tiputini anaishi bondeni Amazon?

#20 Mzee wa Isyesye
Jenasi iliitwa hivyo kwa sababu ya wale wa Andes. Ni kama jirani yangu anayeitwa Masika na alizaliwa Agosti.

#21 Muongoza Wageni
Na tumwondolee jina la mnyoo, basi. Mnyoo hana miguu, hana moyo wa mrija juu ya mgongo wenye vitundu vya kuingizia damu, wala kwa kawaida hazai watoto walio hai. Jamaa hawa wengi wa Amerika ya tropiki huzaa watoto walio hai, na kiinitete hulishwa kwa kondo ndani ya mama, mimba ikichukua hata zaidi ya mwaka. Wapo wengine wanaotaga mayai, na Trinidad ipo spishi ambayo majike huzaa bila dume kabisa.

#22 Mama Parachichi
Mimba ya zaidi ya mwaka, kwa miguu 41 kila upande. Nimemhurumia.

#23 Mwana wa Rungwe
Narudi na habari zisizo nzuri. Leo nimeamka mapema, nimechukua beseni jeupe, kichujio cha chai na simu iliyojaa chaji, nikaenda shambani. Shina halipo. Mama amelikatakata jana na kulitandaza chini ya migomba kama matandazo, kwa sababu, kwa maneno yake, "lilikuwa linakaa bure." Nilipomuuliza kama aliona mdudu wa rangi ya udongo mwenye miguu mifupi, alinijibu kwamba hao wapo wengi wakati wa mvua na kwamba hawana madhara, kisha akaendelea na kazi.

Mwalimu, kuhusu pengo la miguu katikati: nimejaribu kukumbuka, na kila nikikumbuka naona picha ya yule wa Ecuador badala ya wa kwangu.

#24 Kilolo Mpya
Ngoja kwanza. Mama amesema wapo wengi?

#25 Mzee wa Isyesye
Mama yako anaweza kuwa anazungumzia mabuu ya kimulimuli. Muulize kama usiku wanawaka.

#26 Mwalimu wa Maabara
Mwambie asiyageuze hayo matandazo tena. Weka vipande vitatu au vinne vya mgomba juu yake, pawe na kivuli, na uvinyanyue usiku kwa tochi baada ya mvua. Mimi nina likizo mwezi ujao.

#27 Mwana wa Rungwe
Nimemuuliza, Mzee. Amesema yeye usiku hulala.